Raketi Mbili za Hanae, na Miaka Yangu kwenye Meza ya Nyuzi

Namshukuru Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote, aliyeniruzuku vidole hivi kumi na akaniachia vyote kumi mpaka siku ya kustaafu, jambo ambalo kwa kazi yenye mkasi na msharasi si dogo. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na maswahaba zake. Baada ya hapo nawashukuru nyinyi vijana wa dukani mlioniambia, "Bi Zuhura, usiondoke na kazi yote kichwani." Wiki ya tatu hii siendi dukani Al Barsha asubuhi. Magoti yamefurahi, lakini vidole vinauliza kuna nini. Basi navipa kalamu.

Kwa asiyenijua, mimi ni mfungaji wa nyuzi za raketi za badminton, ule mchezo wa kupigiana kinyoya juu ya wavu. Mchezaji anakata uzi, ananiletea raketi, ananitajia nambari, nami naifunga upya. Nambari ni paundi za mkazo. Ukikaza sana, kinyoya kinakwenda pale pale ulipokilenga, lakini mkono na bega ndivyo vinavyofanya kazi. Ukilegeza kidogo, nyuzi zenyewe zinakirusha kama godoro zuri, bega linapumzika, lakini kinyoya kinaweza kukuponyoka kikatoka nje ya mstari. Hiyo ndiyo elimu yote. Yaliyobaki ni miaka.

Sikuja Dubai kwa raketi. Nilikuja kutoka Unguja kwa dada yangu baada ya kufiwa na mume, na nikapata kazi ya kupika chai na kufagia katika duka la vifaa vya michezo lenye ukumbi wa kuchezea nyuma yake. Nilikuwa na mazoea ya kushona kofia za viua kila nilipopata nafasi, kwa kuwa nyumbani nilikulia kwenye sindano. Siku yangu ya nne pale, mzee aliyekuwa akifunga nyuzi, Pak Rahmat wa Indonesia, alisimama nyuma yangu akaangalia kofia. "Pak" kwao ni kama sisi tunavyosema "baba." Akahesabu vitundu kwa jicho, kisha akaniuliza:

"Vyote hivi umevitoboa wewe?"

"Mimi."

"Na hukosei mstari?"

"Nikikosea nafumua."

"Yalla," akasema, "acha hiyo chai, njoo huku."

Arbab, yaani mwenye duka, alikuwa mtu mwema ila mpenda chai, na alinung'unika wiki nzima. Lakini ndivyo nilivyoingia mezani.

Siku ya kwanza nilivunja raketi. Nawaambia wazi ili nanyi msijione wa kwanza. Pak Rahmat alinipa raketi ya mteja akaniambia nikate nyuzi kuukuu, akaenda kuswali. Nikaanza kukata kutoka ukingoni, mmoja mmoja kwa mpangilio, nadhifu kabisa, kama ninavyofumua kofia. Nilipofika nusu nikasikia *tak!* Fremu imepasuka. Upande mmoja nyuzi zilikuwa bado zinavuta, upande wa pili hakuna wa kuzijibu. Tangu siku ile najua kwamba nyuzi hukatwa kuanzia katikati, za wima na za mlalo kwa zamu, ukielekea nje pande zote sawasawa. Pak Rahmat aliporudi hakupaza sauti. Aliigongomea ile raketi ukutani juu ya mashine ya kukazia nyuzi, akasema, "Huyu ndiye ustadhi wako. Mimi nitakuwa msaidizi wake." Mnaiona mpaka leo, na sasa mnajua ni ya nani.

Alinifundisha mengi. Nyuzi za wima ni mtande, za mlalo ni mshindio, na kila mshindio lazima unyooshwe kwa kidole kabla ya kuvutwa, la sivyo unausugua ule wa chini yake na kuuchosha kabla mchezaji hajaugusa. Msharasi, ile sindano nene ya kupanulia vitundu, usiutie kwa nguvu kwenye kitundu chenye uzi ndani. Ukimaliza, gonga nyuzi kwa kiganja na usikilize, maana mashine inaweza kuongopa, sauti haiongopi. Boksi la vinyoya liweke juu ya mvuke wa birika siku moja kabla ya mashindano, kwa sababu hewa ya hapa ni kavu na manyoya huvunjika kama chapati kavu. Na usiwaamini watu wanaosema raketi ilikaa kwenye gari "dakika mbili tu." Gari la Dubai mchana wa Agosti ni tanuri. Kulikuwa na fundi magari mmoja wa Ras Al Khor, Mtanzania mwenzetu, aliyekuwa akiniletea raketi iliyoiva kila mwezi. Siku moja aliniletea ameshaitengeneza mwenyewe kwa waya wa breki. "Bi Mkubwa, sasa haitalegea tena," akaniambia kwa fahari. Nikamwambia kweli haitalegea, ila kinyoya kitakatika vipande viwili na kila kimoja kitakwenda kwao. Alicheka mpaka akakaa chini, na waya ule nilimrudishia.

Lakini kanuni iliyokuwa nzito kuliko zote kwa Pak Rahmat ilikuwa hii: nambari ya mchezaji ni amana. Humwambii mpinzani wake, humwambii mwandishi wa habari, humwambii hata mwenzake anayecheza naye upande mmoja. Na humuulizi kwa nini. Anataja, unaandika kwenye kikaratasi, unafunga, unafunga na mdomo. Mimi niliyesoma chuo cha Kurani tangu utotoni nilifurahi sana kusikia hivyo. Nilijiona nimepata kazi inayofanana na dini yangu. Nikawa sikai mezani bila udhu, na kila uzi nauvuta kwa bismillahi. Raketi moja ina bismillahi nyingi, nanyi mnajua nimefunga raketi ngapi.

Pak Rahmat aliporudi kwao, anakofuga bata mpaka leo kwa rehema za Mola, meza ikawa yangu. Mwaka ule ule duka letu lilipewa kazi ya kufunga nyuzi kwenye mashindano makubwa ya hapa mjini, na ndipo nilipokutana na Hanae.

Alikuwa binti wa miaka kumi na tisa, Mjapani, anacheza wawili wawili na mwenzake aitwaye Mio. Mio alikuwa mfupi, mwepesi, kazi yake ni kulinda mbele karibu na wavu. Hanae alikaa nyuma na kupiga yale mapigo ya juu yanayoshuka kama jiwe. Alinikabidhi raketi mbili kwa mikono miwili, akainama, akasema, "Ishirini na tisa, tafadhali." Kiingereza chake na changu vyote vilichechemea, hapa nakiandika kwa Kiswahili kilichonyooka. Nikashangaa kimoyomoyo. Kwa msichana wa umri ule, ishirini na tisa ni mkazo mkubwa. Lakini sikuuliza.

Alipokuja kuzichukua, hakuzikagua kama wenzake wanavyofanya. Alizigonga kwa kiganja, akafumba macho, akasikiliza, kisha akatabasamu. Nikajua huyu ni mtu wa kwetu.

Siku ile niliacha meza kwa mara ya kwanza nikaenda kuwatazama. Wanaume wawili wawili wanacheza haraka mno, kabla hujakaa pointi imekwisha. Wanawake wawili wawili ni mchezo wa subira. Kinyoya kinakwenda, kinarudi, wanapiga, wanaokoa, wanapiga tena, mpaka mtu anachoka roho kabla ya miguu. Nilikuwa na tasbihi yangu mkononi, nikaanza kuhesabu mapigo ya pointi moja kwa punje. Ilizunguka punje thelathini na tatu mara mbili, ikaingia ya tatu, na Hanae bado anapiga kutoka nyuma kama kwamba ndiyo kwanza ameamka. Nikastaghfiru, nikairudisha tasbihi kwenye kazi yake.

Tangu hapo walikuwa wanakuja kila mwaka kwa mashindano, na baadhi ya miaka kwa mazoezi wakati kwao ni baridi kali. Wakaanza kuniita Mama. Niliwaona wakiwa watoto wanaolia wakishindwa, nikawaona wamekuwa wakubwa wanaocheka wakishindwa na kulia wakishinda. Waliwahi kucheza fainali hapa mara mbili, zote wakashindwa. Mara ya pili Hanae alikuja mezani na medali yake ya fedha, akaivalisha mashine yangu shingoni akanipiga picha nayo. "Mashine imefika fainali bila kukosea," akasema. "Sisi ndio tuliokosea." Siku moja ya mapumziko tuliwachukua Hatta kuona milima, na Mio akanunua tende nyingi hadi zikawashinda kubeba. Lakini mezani ilikuwa ni kazi. Ishirini na tisa, mikono miwili, kuinama, kiganja, macho kufumba. Miaka kumi na mbili nambari haikubadilika.

Kisha bega likaanza. Hakuniambia yeye, nililiona. Mwaka wa kumi na moja aliichukua raketi kwa mkono wa kushoto. Mwaka uliofuata mkono wa kulia haukupanda juu ya meza kabisa, na shingoni alikuwa amebandikwa plasta kama mzigo unaosafirishwa. "Ishirini na tisa, Mama." Ulimi ukaniwasha, lakini kanuni ni kanuni. Sikuuliza. Mio alibaki nyuma kidogo, akaniambia kwa sauti ya chini:

"Mama, haya ndiyo mashindano yake ya mwisho. Tukishindwa leo, basi, khalas, anaacha."

"Bega?"

"Bega. Na hataki mtu alitaje."

Akaondoka, nikabaki na zile raketi mbili na mechi ya mchana.

Sasa nawaandikia jambo ambalo sijapata kuliandika. Nilizifunga ishirini na sita. Nilijua nyuzi zikilegea kiasi kile zitambebea bega nusu ya kazi. Nilijiambia ni huruma. Nilijiambia mimi ni kama mama yake, na mama haombi ruhusa ya kumfunika mtoto shuka. Kisha nikachukua vikaratasi viwili na kwa mwandiko wangu mzuri nikaandika "29" kwenye kila kimoja. Hanae alikuwa kwa daktari wa timu asubuhi ile, kwa hiyo raketi zilichukuliwa na Mio, naye hana mazoea ya kugonga kwa kiganja. Nikafurahi kwamba jambo limepita kwa wepesi, na kufurahi kwenyewe kulipaswa kunishtua.

Nikaenda chumba cha kuswalia kuswali adhuhuri. Nikatoa takbira, na rakaa zikanipotea. Hii ni ya pili au ya tatu? Kila nikitafuta hesabu nakuta ishirini na tisa na ishirini na sita. Nikamalizia kwa sijida ya kusahau, nikakaa juu ya msala, na pale ndipo nilipojiona. Miaka yote ile nilijisifu kwa amana, na asubuhi moja nimeandika uongo mara mbili kwa kalamu nyeusi. Tena uongo wenyewe nimemwandikia mtu ambaye leo, katika siku zote, anahitaji kujua ameshika nini.

Nilikimbia. Kwa umri wangu kukimbia ni neno kubwa, tuseme nilikwenda kwa haraka yenye kelele. Mlangoni pa uwanja wa kupashia misuli joto alikuwepo Njeri, mlinzi, Mkenya wa Nyeri, rafiki yangu wa chai, aniitaye shosho, yaani bibi.

"Shosh! Pole pole! Kadi iko wapi?"

"Njeri, mwanangu, si unanijua?"

"Nakujua vizuri sana, lakini supavaiza ananiangalia. Weka kadi mbele, bana."

Nilikuwa nimeiacha mezani. Nikamwambia kama hanipitishi nitaanza kulia hapo hapo, na supavaiza atapata cha kuangalia. Njeri alinitazama usoni, akageukia upande wa pili, akasema kwa sauti kubwa, "Mimi sijaona shosho yeyote." Nikapita.

Nilitegemea kumkuta Hanae amekunja uso. Nilikuwa nimeshaandaa maneno ya kumtuliza. Badala yake alikuja mbio kutoka uwanjani, uso umechanua, nywele zimemganda kwa jasho.

"Mama! Bega limepona!"

Nikaitazama raketi mkononi mwake.

"Kweli! Napiga kutoka nyuma kabisa, kinafika bila kutumia nguvu. Daktari amefanya nini sijui. Mio, mwambie Mama!"

"Anapiga kama zamani," Mio akasema, naye machozi yanamlengalenga. "Mengine yanatoka nje, lakini anapiga kama zamani."

Wanangu, nimepitia misiba mingi, lakini sikumbuki mdomo uliokuwa mzito kama ule. Ningeweza kunyamaza. Angeingia uwanjani na furaha yake, na huenda furaha hiyo hiyo ingempa ushindi. Nani angejua? Ila mimi niliyejua nilikuwa nimetoka kwenye msala muda si mrefu.

"Hanae," nikasema, "si bega. Ni mimi. Raketi zote mbili ni ishirini na sita. Nimekuandikia uongo."

Alinitazama. Akaigeuza raketi, akaigonga kwa kiganja, akafumba macho. Furaha ilimtoka usoni taratibu, nami niliitazama ikitoka, na hiyo ndiyo adhabu yangu. Kisha akakaa kwenye benchi.

"Basi bega liko vile vile," akasema.

"Liko vile vile. Nisamehe."

Mio alianza kusema naye kwa Kijapani, maneno ya haraka. Sikuyaelewa, lakini alikuwa akiionyesha raketi na kuonyesha uwanja, na nikajua anamwambia acheze nayo hivyo hivyo. Hanae alitikisa kichwa. Akaniuliza, "Kuna muda gani?"

"Dakika arubaini."

"Moja nifungie ishirini na tisa. Mapigo yangu yote nimeyajifunzia pale. Nyingine..." akasita, "nyingine iache ilivyo. Lakini badilisha karatasi."

Sijapata kufunga raketi kama nilivyofunga ile. Mikono ilitulia, Mola ndiye aliyeituliza. Nilimaliza zikiwa zimebaki dakika kumi na moja. Nikaigonga, ikaimba. Nikachana kile kikaratasi cha uongo, nikaandika "26" kwa herufi kubwa kiasi cha kusomwa na kipofu. Nilimpelekea zote mbili. Alizipokea kwa mikono yote miwili, ule wa kulia ukipanda kwa shida, akainama kidogo tu, akaenda. Nikajua huenda ndiyo mara ya mwisho kupokea kitu mkononi mwangu.

Nilisimama karibu na Njeri kutazama. Seti ya kwanza alicheza na ishirini na tisa, na kila pigo lilianguka juu ya mstari kama limepimwa kwa rula. Wakashinda. Seti ya pili bega likamwacha katikati. Alikuwa akipiga, na kinyoya kinafika wavuni kimeshachoka. Wakashindwa vibaya. Wakabadilishana upande, na Hanae akaenda kwenye mfuko wake, akasimama. Niliona mkono wake ukigusa raketi moja, kisha nyingine.

"Shosh, mbona unanifinya mkono?" Njeri akalalamika.

"Nyamaza, mwanangu."

Akatoa ishirini na sita. Akamwita Mio, akamgusisha nyuzi, akamwambia jambo. Mio akarudi hatua moja, kwa sababu sasa vinyoya vingekuwa vinakwenda mbali zaidi na wote wawili walijua. Mapigo mawili ya mwanzo Hanae aliyapeleka nje. La tatu likatua ndani. Baada ya hapo alikuwa amekwisha kuuzoea mkono wake mpya. Pointi ya mwisho sikuhesabu mapigo, nilikuwa nikisoma dua. Mio aliimaliza pale wavuni kwa kugusa tu, na Njeri, ambaye supavaiza alikuwa bado anamwangalia, akaruka juu kama mtoto.

Nilirudi mezani kusubiri malalamiko rasmi, kwa kuwa alikuwa na haki nayo. Akaja peke yake, barafu imefungwa begani. Akavuta kiti akakaa upande wangu wa meza, mahali ambapo mchezaji hakai.

"Mama, usinifanyie tena."

"Sirudii. Wallahi sirudii."

"Kwa nini hukuniuliza tu?"

"Sisi hatuulizi. Ndivyo nilivyofundishwa. Na wewe, kwa nini hukuniambia?"

Akatazama barafu yake. "Miaka miwili nilitaka kusema ishirini na sita. Niliona haya. Nilidhani ukiisikia utaniona nimekwisha."

"Miaka miwili nami nilitaka kukuuliza," nikamwambia. "Niliogopa utanifukuza."

Tukatazamana. Akaanza yeye kucheka, ameziba mdomo kwa mkono ule mzima, kisha mimi, na tulicheka mpaka Njeri akaja kuuliza kama tunahitaji maji.

Kesho yake walishindwa na wasichana wadogo wenye mabega mapya, na Hanae akaacha kucheza akiwa amecheza mechi nzima na ishirini na sita aliyoitaja kwa kinywa chake. Sasa anafundisha wasichana kwao. Huniandikia kila Idi, na kila mara ananiarifu kwamba binti fulani ameshusha mkazo na amemwambia fundi bila haya.

Kwa hiyo nyinyi mliobaki mezani, nambari ya mtu iendelee kuwa amana, hilo halibadiliki. Lakini ile kanuni ya kutouliza nimeifuta kwa mkono wangu kwenye karatasi iliyobandikwa ukutani, na Pak Rahmat amenijibu kutoka kwa bata wake kwamba ameridhia. Mkimwona mtu ana maumivu, mwulizeni mbele ya uso wake, kisha mfunge anachotaja yeye.

Ewe uliyesoma mpaka hapa, Mwenyezi Mungu akutunzie mikono yako na mabega yako, akupe watu wa kukuuliza kwa upole, na akupe ulimi mwepesi wa kuwajibu. Amin.